Paka wangu hatoki nyuma ya kabati tangu tuhame: nimfanyeje?

Swali la msomaji wa Goma, mashariki mwa Kongo:

"Jambo dokta. Tulihama mtaa wa Majengo wiki iliyopita, sasa tuko Himbi. Nina paka jike wa miaka mitatu, anaitwa Minu. Tulimleta ndani ya gunia, na tangu siku ile ameingia nyuma ya kabati la chumba cha kulala, hatoki. Usiku namsikia anakula kidogo. Nikinyoosha mkono ananivimbia na kunitolea meno, mimi niliyemlea. Jirani ananiambia nimfunge kamba shingoni wiki mbili, atazoea. Mama mkwe wangu tunakaa naye, na hataki hata kumwona, anasema paka ni mambo ya ulozi. Mwezi ujao dada yangu atatoka Bukavu kuja kutusalimia na watoto wake wawili. Naogopa Minu atawakwaruza, ama atatoroka arudi Majengo. Nifanye nini?"

Jibu la daktari wa wanyama:

Jambo mama, na pole kwa kuhama. Nianze na kamba, kwa kuwa hilo halingoji: usimfunge. Najua ushauri huo umeenea mjini, na jirani yako anautoa kwa nia njema, maana bila shaka amewahi kuona paka aliyefungwa wiki mbili akabaki nyumbani. Lakini sisi waganga wa wanyama tunaletewa wale wengine. Tunaletewa paka aliyeruka kutoka juu ya meza na kamba ikamkaba kabla miguu haijafika chini. Tunaletewa aliyejizungusha usiku kwenye mguu wa kitanda mpaka shingo ikachubuka, kidonda kikaingia usaha. Na hata yule asiyeumia, amejifunza jambo moja baya: kwamba katika nyumba hii hatari ikija hana pa kukimbilia. Paka asiyeweza kukimbia hupigana. Ukimfunga Minu leo, wapwa zako watakuja kumkuta paka wa kukwaruza kweli.

Sasa huyo aliye nyuma ya kabati. Hajakusahau, hajakukasirikia, wala sidhani kama ni mgonjwa, maana anakula. Anaogopa, na ana sababu.

Sisi nyumba tunaitambua kwa macho. Paka anaitambua kwa pua kwanza. Ana tezi za harufu kwenye mashavu, kidevuni, kwenye paji la uso, katikati ya vidole na penye shina la mkia. Anapojisugua kwenye mguu wa kiti anaacha hapo alama ambayo pua zetu haziipati, lakini yeye akipita kesho ataisikia. Kule Majengo alikuwa na miaka mitatu ya kupaka alama hizo kila mahali: kwenye fremu ya mlango, kwenye kizingiti, kwenye mbao za ukuta, kwenye ukingo wa bati anapopandia kwenda kwa jirani. Kila alipogeuka, harufu yake mwenyewe ilimthibitishia kwamba hapo ni kwao. Himbi hakuna hata pembe moja inayomjua. Kuna saruji, rangi, sabuni ya kusafishia, pengine na harufu ya mbwa wa mpangaji aliyetangulia. Na safari yenyewe aliifanya gizani, ndani ya gunia, huku barabara ikimrusha.

Mababu wa paka wetu ni paka mwitu wa Afrika na Mashariki ya Kati, ambao bado wapo kwenye savana hadi leo. Mnyama yule huwinda peke yake, na ni mdogo kiasi kwamba naye huwindwa. Paka wamekaa karibu na watu kwa takriban miaka 10,000, lakini namna yao ya kukabili mahali pageni haijabadilika: jifiche kwanza, sikiliza, nusa, halafu ndipo utembee. Minu yuko kwenye kujificha na kusikiliza, na usiku akitoka kula anaanza kunusa. Ukimvuta kwa nguvu unamrudisha mwanzo.

Kwa hiyo kazi yako, mama, si kumtoa. Kazi yako ni kufanya sehemu ndogo ya nyumba hiyo iwe yake kabisa, kisha umwache yeye aamue lini atasogea na kwa umbali gani. Karibu yote nitakayokuambia, kuhusu nyumba na kuhusu watu, yanatoka hapo.

Chagua chumba kimoja. Kama ni hicho cha kulala alikojificha, sawa, mwache hapo hapo. Funga mlango ili watu wasipite pite. Weka ndani maji, chakula, na beseni pana lenye mchanga mkavu au maranda ya mbao kwa ajili ya haja. Beseni likae kona moja na chakula kona nyingine, maana paka hapendi kula karibu na anapojisaidia, na wengi wanaolalamika kwamba paka ameanza kujisaidia kitandani wameviweka pamoja. Usiwashe muziki humo. Mvua ikipiga mabati kwa nguvu, au jenereta ya jirani ikianza kunguruma umeme ukikatika, mwache ajifiche, usiingie kumbembeleza kwa kelele.

Halafu mpe mahali pa kujificha pazuri kuliko nyuma ya kabati. Tafuta katoni, ya sabuni au ya biskuti, yoyote ambayo paka anaweza kugeuka ndani yake. Ilaze ubavu, na utoboe tundu la pili la ukubwa wa kichwa na mabega yake upande wa nyuma, kwa sababu shimo lenye mlango mmoja ni mtego na yeye analijua hilo. Ndani tandika kitu kilichotoka Majengo ambacho hakijafuliwa: blanketi alilolalia, sweta kuukuu, kitenge chako cha juzi. Watu wakihama hufua kila kitu ili waingie nyumba mpya wakiwa safi, na bila kujua wanafua kitu pekee ambacho paka angekitambua. Usidharau katoni. Mwaka 2014 watafiti wa Uholanzi waliwagawa paka waliokuwa wameingia kituo cha kutunzia wanyama, baadhi wakapewa maboksi ya kujifichia na wengine hawakupewa. Waliopewa walitulia mapema zaidi. Anayejua ana pa kurudi hutoka upesi.

Kuna jambo jingine dogo ambalo ningependa ulifanye kila siku. Chukua soksi safi ya pamba, uiweke ndani ya katoni yake alalie usiku kucha. Kama kuna saa anakubali umguse, mpanguse nayo mashavu polepole, kuanzia pembeni mwa mdomo kuelekea sikioni, pale manyoya yanapokuwa mafupi. Kisha chukua soksi hiyo uisugue kwenye fremu ya mlango, miguu ya kitanda na pembe ya kabati, kwa urefu wa pua yake, yaani kiganja kimoja na kidogo kutoka sakafuni. Rudia kesho. Ukishaona amelala nje ya kabati au anajilamba mbele yako, peleka soksi sebuleni, kisha koridoni, kisha jikoni. Atakapotoka mwenyewe kukagua nyumba, atakuta sehemu zile tayari zina harufu yake.

Chakula ndicho msaidizi wako mkubwa, nasi wa Kivu tumebarikiwa. Chukua sambaza wabichi, wale samaki wadogo wa ziwani, wachache, uwachemshe bila chumvi, bila pilipili, bila kitunguu wala vitunguu saumu, maana vitunguu hudhuru damu ya paka. Wakiwa bado na uvuguvugu harufu yao inasafiri, na pua ya paka haishindwi kuwasikia. Mara ya kwanza weka sahani pale pale penye mwanya wa kabati, kisha uondoke. Usisimame kuangalia. Kesho yake isogeze kidogo, kiasi cha unyayo wako. Baada ya siku chache keti sakafuni upande wa pili wa chumba akiwa anakula, umgeuzie ubavu, ushike kazi yako ya mikono au simu yako. Siku atakapokula ukiwa umekaa hapo, na asinyanyue kichwa kila unapokohoa, umepata hatua kubwa. Mlishe kwa saa zilezile kila siku, asubuhi na jioni, na usimwachie sahani imejaa mchana kutwa, kwa kuwa paka aliyeshiba hana sababu ya kutoka.

Hapa sharti niseme neno la tahadhari. Paka si kama mbwa anayeweza kufunga siku kadhaa. Paka asiyekula kabisa kwa siku mbili, hasa aliye mnene, mafuta huanza kujaa kwenye ini, na ugonjwa huo huua. Na ukimwona anaingia kwenye beseni mara kwa mara, anachuchumaa, anakaza, na mkojo unatoka kidogo tu au wenye damu, hofu yenyewe inaweza kuwa imemletea maumivu ya kibofu. Kwa dume anayekaza bila kukojoa usingoje hata asubuhi, njia ya mkojo imeziba. Katika hali hizo mpeleke kwa veterineri, na mambo ya kuzoea nyumba yatasubiri. Usimpe kidonge chochote cha binadamu ili atulie au apoe maumivu. Paracetamol, ambayo iko kwenye kila nyumba, humuua paka hata kwa kiasi kidogo.

Sasa nije kwa watu, ambako naona ndiko mzigo wako ulipo.

Mama mkwe wako simlaumu, na wewe usimlaumu. Wazee wetu wengi wamekua wakisikia kwamba paka anayekutazama gizani ametumwa, na aliyemzaa mumeo anastahili kusikilizwa nyumbani mwake. Usianze kubishana naye. Hakikisha kwanza chumba chake ni chake: mlango unafungwa, paka haingii, halali kwenye kitanda chake. Mtu akishajua hatashtukizwa, hofu inapungua, na hilo ni kweli kwa mama mkwe kama lilivyo kwa Minu. Kisha siku akiwa ametulia, mweleze kwa heshima yale yanayomsumbua. Macho yanayowaka usiku ni kwa sababu nyuma ya jicho la paka kuna utando unaorudisha mwanga, ili aone vizuri penye giza. Mbuzi na ng'ombe wanao pia, na akimmulika mbuzi kwa tochi usiku ataona. Paka anayekodolea ukuta mtupu hamwoni mtu tusiyemwona, anasikia panya ndani ya ukuta. Sikio lake hupokea sauti nyembamba mno, hadi mitetemo 60,000 na zaidi kwa sekunde, ilhali letu linaishia kwenye 20,000 au chini yake. Panya wanaongea juu kabisa ya usikivu wetu. Mweleze pia kwamba nyumba yenye paka akiba yake ya unga na maharage inalala salama. Sikuahidi atampenda. Akikubali tu kuishi naye nyumba moja bila kumrushia kiatu, tumeshinda.

Na nikuambie jambo ambalo litakushangaza: kuna uwezekano mkubwa mtu wa kwanza ambaye Minu atamwendea ni yeye. Anayependa paka humkazia macho, humwita, humwinamia na kumnyooshea mikono, na mambo yote hayo kwa paka ni vitisho. Anayemwogopa hukaa kimya, hugeuza uso, huweka mikono mapajani. Paka akiingia sebuleni atachagua miguu ya huyo wa pili. Mwandae mama mkwe mapema, ili Minu akija kumnusa asipige kelele. Mwambie akitaka aondoke anaweza kugonga sakafu polepole kwa unyayo, paka atakwenda zake.

Wewe mwenyewe na mgeni yeyote, jifunzeni kumtazama. Kumkodolea paka macho ni kumtaka ugomvi. Mtazame kidogo, kisha funga macho nusu, polepole, kama mtu anayesinzia, yafungue, kisha angalia pembeni. Watafiti wa Chuo Kikuu cha Sussex nchini Uingereza walilichunguza jambo hili na kutoa matokeo yao mwaka 2020: paka walifumba macho zaidi kuwajibu watu waliowafumbia, na walikuwa wepesi zaidi kumsogelea mtu asiyewajua iwapo alifanya hivyo kwanza. Lijaribu na Minu leo ukiwa umekaa sakafuni. Baada ya hapo, mgeni akitaka kumgusa asimshike. Anyooshe kidole kimoja chini, sawa na urefu wa pua ya paka, mbali kidogo, kisha angoje. Paka akija akanusa na kusugua shavu kwenye kidole, mkune shavu na kidevu, mara mbili au tatu, kisha uache. Akisogea tena anataka zaidi. Akigeuka, imetosha. Tumbo na mkia viachwe, hata akilala chali mbele yako, maana kukuonyesha tumbo si ruhusa ya kulishika.

Wengi wanasema paka amewakwaruza ghafla, bila onyo. Onyo lilikuwepo. Mkia unaanza kupiga sakafu, ngozi ya mgongo inatetemeka, masikio yanageuka pembeni kisha yanalala nyuma, mboni za macho zinapanuka na kuwa nyeusi tii ingawa chumba kina mwanga, mwili unajikunyata. Kisha anavimba na kutoa meno, kama ulivyoona, pamoja na sauti ya kufoka. Sauti hiyo ni ombi la kuachiwa nafasi, wala usimpige kwa ajili yake. Paka aliyepigwa kwa kuonya hujifunza kutoonya, na siku nyingine anaanza na kucha moja kwa moja. Pia usidanganyike na kunguruma kwake kwa raha: paka mwenye maumivu au hofu kubwa naye huweza kunguruma hivyo. Tazama mwili mzima.

Watoto wa dada yako. Una mwezi, na mwezi unatosha kumtayarisha, ingawa hautoshi kumfanya awe mchezo wa watoto. Mwombe dada yako, siku watakapofika, akupe fulana moja waliyovaa watoto safarini. Iweke karibu na mlango wa chumba cha Minu usiku ule, na sahani ya sambaza pembeni yake. Atawajua kwa harufu kabla hajawaona. Siku ya kwanza yote abaki chumbani kwake, mlango umefungwa, watoto wakipiga kelele zao za kufika bila kuzuiwa na mtu. Siku ya pili au ya tatu, watoto wakishazoea nyumba, wakalishe sebuleni chini, na mlango uachwe wazi. Asibebwe kuletwa kwao. Hilo nakuomba sana: usimbebe Minu kumkabidhi mtoto ili "wajuane". Mikononi mwa mtu hana pa kukimbilia, na tumeshaona nini kinafuata.

Wape watoto kazi, kwa sababu mtoto aliyekatazwa tu atafanya kwa siri. Mmoja awe mrusha sambaza: kipande kimoja, kwa mbali, bila kumwita. Mwingine afunge kipande cha kitambaa kwenye kamba ndefu na fimbo, akiburute sakafuni kama panya anayekwenda kwenye shimo lake. Paka mwindaji hawezi kuvumilia hilo kwa muda mrefu, na akiwinda anasahau woga. Mikono yao inabaki mbali na kucha, nao wanacheka. Sheria ziwe chache nao wazirudie mbele yako: hatumfukuzi, hatumwinui, hatumwamshi, na akiingia kwenye katoni yake hayupo. Mtoto wa chini ya miaka mitano usimwache peke yake na paka hata kidogo. Na sebuleni pawe na mahali pa juu, kabati fupi au dirisha pana, ambapo Minu anaweza kupanda akawatazama bila kufikiwa.

Akimkwaruza au kumwuma mtoto, kidonda kioshwe papo hapo kwa sabuni na maji mengi yanayotiririka, kwa dakika 15 kamili, kisha mtoto apelekwe kituo cha afya. Nchini kwetu kichaa cha mbwa bado kinaua watu, na paka naye hukipata na kukiambukiza. Kwa hiyo kama Minu hajachanjwa, mpeleke achanjwe kabla hajaanza kutoka nje. Paka huchanjwa kuanzia umri wa miezi mitatu na chanjo hurudiwa kwa ratiba atakayokupa veterineri. Muulize siku hiyo hiyo kuhusu kumfunga kizazi. Jike anapokuwa kwenye joto hakai nyumbani, hata ungemzoesha vipi.

Kuhusu kurudi Majengo, hofu yako ni ya haki. Paka mzima ana ramani ya kwao kichwani, na umbali huo si mkubwa kwake. Mzuie ndani kwa wiki tatu angalau, nne kama bado ana wasiwasi. Usihesabu tangu siku ya kuhama, hesabu tangu siku alipoanza kula na kutembea ndani bila kujikunyata. Siku ya kwanza ya nje iwe siku isiyo na mvua, saa ya jioni kabla hajala, akiwa na njaa. Fungua mlango, kaa kizingitini, mwache achungulie. Usimbebe kumpeleka uani. Akitoka hatua chache akarudi mbio ndani, vizuri, mlango ubaki wazi. Baada ya muda mfupi gonga sahani yake, mwite ale, ufunge. Kesho ongeza kidogo. Kuta za mawe meusi ya volkano zilizozunguka parseli zetu zina mianya mingi ambayo paka hujificha humo kwa saa nyingi, kwa hiyo akichelewa usidhani amepotea, gonga sahani na ungoje. Chunguza kwanza mbwa wa walinzi wa jirani wanafunguliwa saa ngapi. Na wapigie simu waliohamia nyumba yenu ya Majengo: wakimwona wasimpe hata tonge, wakupigie umfuate. Paka anayelishwa pale hatawahi kuhamia kwako.

Nimeacha gunia hadi sasa kwa sababu linahitaji maneno yake. Sisi watu wa Goma tunajua kwamba siku yoyote tunaweza kuambiwa tuondoke. Mlima wa volkano wa Nyiragongo ulilipuka tarehe 22 Mei 2021, na tarehe 27 asubuhi wakazi wa mitaa 10 kati ya 18 ya mji waliamriwa kuondoka, watu wakaelekea Sake na kwingineko na godoro kichwani. Katika haraka ya namna hiyo, paka anayejua kwamba kubebwa ni gunia hashikiki, huingia chini ya mbao za nyumba na anaachwa. Tafuta kikapu kikubwa chenye kifuniko, kile cha sokoni kilichosukwa vizuri kinafaa, ama tenga la plastiki ambalo unaweza kufunga lingine juu yake. Kiweke wazi katika chumba cha Minu kuanzia leo, kitenge ndani, kiwe samani kama samani nyingine. Tupia sambaza humo. Akishazoea kulia humo, funika kifuniko akiwa anakula, ufunue kabla hajamaliza. Baadaye funika, inua, weka chini, funua, mpe chakula. Baadaye zunguka naye nyumba nzima. Fanya kidogo kidogo, na usikitumie kwa mambo mabaya tu, maana kikapu kinachotokea siku ya sindano peke yake kitakuwa gunia jingine. Ukimbeba, kifunike kwa kitambaa, atulie gizani penye harufu yake.

Kwa wengine mtakaosoma hapa mkiwa na mpango wa kuchukua paka mtoto: umri unaoamua mengi ni wiki ya pili hadi ya saba tangu azaliwe. Kinda aliyeshikwa kwa upole kila siku katika wiki hizo, na watu mbalimbali, wake kwa waume na watoto, hukua akiwaona watu kuwa jambo la kawaida. Aliyezaliwa darini na hakuguswa kabla ya hapo anaweza kubadilika, ila polepole sana. Hata baba ana mchango wake: makinda wa dume jasiri huwa wajasiri zaidi, ingawa hawajawahi kumwona. Usimtenge na mama yake kabla ya wiki nane.

Wewe Minu wako ana miaka mitatu, tabia yake imeshakaa. Kama Majengo alikuwa akikimbia paani kila mgeni alipobisha hodi, Himbi pia atatafuta kabati mgeni akibisha hodi, nawe usijilaumu kwa hilo. Kinachowezekana ni ajifiche kwa nusu saa badala ya siku tatu, kisha atoke ale wageni wakiwepo. Nimeona paka wengi wakifika hapo na wakaishi vizuri miaka yao yote.

Ikiwa dada yako atafika na Minu bado hajatoka chumbani kwa hiari yake, usiharakishe mambo kwa ajili ya ziara. Walaze wageni chumba kingine, watoto waambiwe kwamba paka anapumzika, na wamlishe kwa kusukuma sahani chini ya macho yako mlangoni. Na wakisharudi Bukavu usiondoe katoni siku hiyo hiyo. Nyumba itakuwa imejaa harufu ngeni, na Minu ataizungukia upya pembe kwa pembe akisugua mashavu yake. Mwachie katoni wiki nyingine mbili hivi, hadi utakapoona yeye mwenyewe ameacha kulala humo.